Nimemwambia Zuhura Anikate

Jumanne, baada ya Isha

Moyo bado haujatulia. Leo mwanangu Zuhura amenionyesha filamu yake, ya kwanza kuiongoza mwenyewe. Miaka yote alikuwa mhariri wa video za harusi hapa Likoni. Kina mama walimwamini, maana aliyenaswa na kamera kichwa wazi siku ya kumpamba bibi harusi, Zuhura alimkata hata bila kuombwa.

Leo nimejiona mimi. Nakuna nazi, nasimulia habari za marehemu babake, machozi yanatoka, na leso imeniporomoka kichwani hadi mabegani wala sina habari.

"Nikate hapo," nikamwambia.

"Mama, nikikata hapo sina filamu."

"Na mashoga zangu wakiniona?"

"Watasema umeota mvi, basi." Akacheka.

Kazi ya harusi ameshaiacha. Ijumaa anaionyesha filamu mbele za watu. Isipopendeza, nani atampa tena harusi yake, akisikia kamwanika mamake mzazi?

Sasa yuko chumba cha pili. Nasikia kilio changu kwenye kompyuta, kinasimama, kinaanza upya. Hajanikata. Anangoja niseme.

Nimeinuka mara mbili, nikarudi. Wallahi naogopa, lakini naweka kalamu nikamwambie aniache hivyo hivyo.