Matikiti ya Sendofu ya Neema

Jumatatu, 14 Julai

Nimechonga matikiti tangu asubuhi. Kikapu cha kwanza kimekubali. Cha pili mpini umekatika, tikiti lilikuwa limeiva kupita kiasi. Kosa langu, niliridhika haraka. Tumelila na majirani mpaka matumbo yakalalamika.

Kiangazi hiki kila sherehe hapa Shinyanga inataka matikiti mezani. Maua, vikapu, bata. Ya wengine nachonga kwa kazi. Ya Neema nachonga kwa moyo, na haya ni majaribio tu. Nataka siku yake watu wasahau kama kuna keki.

Neema ni mtoto wa mdogo wangu Minza. Aliachwa kwangu hajaanza hata kutambaa, Minza akafuata wachimba dhahabu Runzewe. Nimemlea kwa vipande vya tikiti pale stendi. Sasa anaolewa Geita. Mji huu haujui jina langu jingine, mimi ni Mama Neema basi.

Jumatano, 16 Julai

Neema kapiga simu. Sendofu imehamishiwa Geita. Minza ndiye kalipia ukumbi. Siku hizi ana karasha, anasagia watu mawe ya dhahabu, pesa anayo.

Nimekasirika. Sendofu ni ya kumuaga binti, hufanyika kwao, na kwao Neema ni hapa. Lakini nimemeza. Wanasema uchungu wa mwana aujuaye mzazi. Haya, aje aujue, hata kama kachelewa.

Jumapili, 20 Julai

Didia, kwa mkulima wangu. Nimegonga matikiti moja moja. Nataka ganda nene na kitako kilichotulia, lisije likaviringika mbele ya wakwe. Kaniuliza ni sherehe ya nani. Nikamwambia namwozesha mwanangu. Kaniongezea mawili ya zawadi. Nimefurahi mpaka nikaona aibu.

Sare za kina mama hazijanifikia. Neema anasema fundi ndiye anachelewesha.

Alhamisi, 24 Julai

Geita. Matikiti yamesafiri kwenye pumba za mpunga, limepasuka moja tu. Nimepangiwa gesti. Kwa Minza wageni wamejaa, ati.

Sare yangu imekuja. Fulana nyeusi, ya wapambaji! Kitenge cha kina mama nimekiona kwa macho yangu, kimeanikwa kwenye kamba uani kwa Minza. Nikamuuliza Neema. "Mama, utakichafua na kazi. Utabadilisha baadaye."

Nitabadilisha nini, na hicho kitenge sijapewa? Mjinga mimi si mjinga. Najifanya tu, kwa sababu nampenda.

Jumapili, 27 Julai

Ya jana niyaandike, yasinioze kifuani.

Matikiti yalitoka vizuri kuliko yote niliyowahi kuchonga. Bata wawili wametazamana, waridi jekundu katikati, mabawa yamesimama. Watu walipanga foleni kupiga picha. Mama mkwe akauliza nani kayafanya. Neema hakunitazama. "Ni mama mkubwa."

Mama mkubwa! Tangu ajue kusema hajawahi kuniita hivyo. Na si tusi, dada mkubwa wa mama yako ni mama mkubwa wako, nani atamkosoa? Hapo ndipo panapouma.

MC akaita Mama Neema aje mbele. Miguu yangu ikaitikia kabla yangu. Nikatoka, kisu mkononi, fulana imelowa maji ya tikiti. Minza alikuwa ameshainuka. Anacheza, vigelegele vinamsindikiza. Nikageuka kama mtu aliyekuwa anakwenda kufuta meza. Nikaifuta kweli.

Kisha Neema akapewa maiki. Akamshukuru mama yake, aliyemlea na kumsomesha kwa kuuza vipande vya matikiti stendi, juani, mtoto mgongoni. Akisema hayo anamtazama Minza. Minza akajifuta machozi kwa leso. Ukumbi mzima ukalia. Wanamlilia Minza kwa jua langu mimi! Kwa mgongo wangu!

Neema akachukua kipande nilichokikata mwenyewe, nikakitoa mbegu, akamlisha Minza.

Sikuvuruga sherehe. Ningeweza, sauti ninayo na haki ninayo. Nikaona mama mkwe anavyomkumbatia yule mtoto, nikashindwa. Nimeondoka mbuzi wa ndafu hajakatwa.

Jumanne, 29 Julai

Nyumbani. Neema kapiga, analia. Minza aliwaambia wakwe kwamba ndiye aliyemlea, tangu siku ya barua ya posa, yeye angebadilishaje? Mambo yakitulia atanitambulisha vizuri.

Nikamjibu nimesikia. Nikakata.

Nina hasira naye kuliko na Minza. Minza alinikimbia zamani, nimeshamzoea. Huyu nilimfunga nepi. Homa zake zote nilikesha nazo mimi. Shukrani ya punda ni mateke, nilikuwa nausema msemo huu kwa watoto wa watu.

Sijala tangu jana. Sina njaa.

Jumatatu, 4 Agosti

Ndoa ilifungwa Jumamosi. Sikwenda. Nilifua mapazia.

Leo kaja mama mmoja kutoka Kolandoto, mwanawe anapata kipaimara. Anataka vikapu viwili na maua machache. Bata hataki. Mpole, kanipa shikamoo ingawa tunakaribiana umri. Tumekubaliana nimchongee asubuhi ileile, joto lisiyanyaushe.

Akatoa simu aweke namba yangu. Akauliza aandike mama nani.

Nikamwambia aandike Kabula, jina nililopewa na mama yangu.

"Kabula tu?"

Kabula tu.