Utepe wa Baba na Theluji ya Yonezawa

Mwaka umetimia, Baba Tokuzo, tangu ulipotutoka asubuhi ile ya Februari, theluji ikianguka taratibu kama ulivyoipenda. Leo tumekuwekea wali na chai mbele ya picha yako. Picha yenyewe ina ukungu, utusamehe, aliipiga Mama. Miaka hamsini ulikaa nyuma ya kamera, hukumpa mtu nafasi ya kukupiga picha wewe.

Tunaukumbuka utepe wako wa kupimia. Hata mezani ulipima kutoka bakuli lako la supu hadi usoni kwa Mama, naye akikukumbusha kwamba yeye ni mkeo, si mwigizaji, unywe supu kabla haijapoa. Nyumba imepooza mno bila wewe.

Kisa cha filamu mliyopiga kule Yonezawa ulitusimulia mpaka tukakichoka, na sasa tunakitamani. Ulikuwa na miaka ishirini na mitatu, ndiyo kwanza umetoka kubeba masanduku ukapewa kazi ya kupima kwa utepe umbali wa mwigizaji na kuzungusha lenzi ili uso wake uonekane vizuri. Mwigizaji akavuka uwanja wa theluji isiyokanyagwa, mara moja tu, maana nyayo zikishaingia hazifutiki. Watu wakapiga makofi. Wewe peke yako ulijua umechelewa kuizungusha lenzi. Ungenyamaza, filamu ingesafishwa Tokyo na lawama zingemwangukia mpiga picha mkuu, Mzee Kuramochi. Ukisema, kazi ndiyo basi tena. Ukanyoosha mkono.

"Nimekosea mimi, Mzee. Uso wake utatoka na ukungu."

Watu sitini wakakaa siku tatu kungoja theluji mpya, na hakuna aliyekusemesha. Siku ya nne ikaanguka. Ukajisogeza pembeni umpishe mwenzako, Mzee akakurushia utepe.

"Unakwenda wapi, bwege wewe? Pima."

Ukapima, na hukuacha kupima tena maisha yako yote.

Mjukuu wako Chigusa sasa ni msaidizi wa kamera. Wiki iliyopita alipiga simu akilia, kwamba amekosea, na amenyoosha mkono mbele ya wote. Tukamuuliza kama wamemfukuza. Akasema hapana, ameambiwa kesho afike wa kwanza. Baba, tulilia na kucheka kwa pamoja.

Unakumbukwa na mkeo Fusae, wanao Sumire na Katsumi, mkweo Yasuo na mjukuu wako Chigusa. Hutatoka mioyoni mwetu kamwe. Na utepe usiutafute, Baba, uko kazini na Chigusa.