Kava ya Koki Kabla Wakwe Hawajafika

Jumanne, 19 Agosti 2025
Hapa nyumbani salama. Baba Leonia mzima, anakohoa kidogo tu. Mama mkwe wangu, Bibi Minza, mzima na mdomo wake mzima. Binti yetu Leonia mzima, anacheka peke yake jikoni! Kuku nao wazima. Mimi ndiye roho haitulii. Jumapili baada ya misa wazazi wa Masanja, mchumba wa Leonia, wanakuja kutoka Igunga kuona kwetu. Na sinki letu la kunawia lina mashimo matatu, koki moja! Mawili yametutolea macho tu. Wale waposaji wa mwaka juzi, shangazi yao alivua pete anawe, ikadumbukia humo. Hawakurudi. Sitaki tena yale. Fikiri wa duka la vifaa anasema kuna kava, bamba la kukalisha chini ya koki, linaziba mashimo yote. Ila nilete vipimo. Vipimo!

Jumatano, 20 Agosti
Nimepata akili! Nilichukua donge la unga wangu wa maandazi, nikalikandamiza juu ya sinki, mashimo yote yakajichora. Nikalitia kwenye bakuli, nikafunika, huyo dukani. Zipo kava za silva, nyeusi — na ya dhahabu. Ya dhahabu jamani! Inang'aa kama kikombe cha padri. Ndiyo hiyo.

Alhamisi, 21 Agosti
Haiingii. Vishikizo vyake vya chini vinapita mbali na mashimo. Baba Leonia kauliza, unga ule ulitia hamira? Nilitia. Na jua lile la njiani! Umeumuka, mashimo yakaachana. Bibi kacheka mpaka kashika ukuta. Anasema hajawahi kuona sinki linaumuka.

Ijumaa, 22 Agosti
Unga wa chapati. Bila hamira. Fikiri kanibadilishia, mtu mwema, ila kaniuliza chai ya kushushia iko wapi. Dhahabu ya saizi yetu haipo. Silva. Silva nayo nzuri. Nzuri sana! Fundi bomba kasema kesho asubuhi.

Jumamosi, 23 Agosti
Fundi hajaja. Simu haipatikani. Maji nayo yamekatika, mtaa wetu wa Isevya mzima.

Jumapili, 24 Agosti
Nimejifungia chumbani, nimelowa chapachapa, nacheka kama mwehu. Tulitoka misa ya kwanza, fundi hakuna. Baba Leonia kaenda stendi kupokea wageni, basi lao limeshapita Nzega. Nikasema naifunga mwenyewe, maji si yamekatika? Kwenye mita sikufunga, ya nini? Nikang'oa koki. Nikaweka kava. Imekaa! Vishikizo ndani ya mashimo, tii! Nashika koki niirudishe — maji yakarudi. Mpaka dari!

Nikaziba kwa kiganja. Leonia! Kumbe Leonia kaenda kununua vitunguu. Aliyekuja mbio ni Masanja, katangulia na kreti ya soda. Mkwe wangu! Na kwetu mkwe na mama mkwe hawatazamani. Nikajitupia kanga kichwani. Naye kageuka, kaingia kinyumenyume.

— Shikamoo mama. Sikuangalii.
— Marahaba baba. Na mimi sioni kitu.
— Niachie hilo shimo, mama.

Mkono wake ukapapasa, wangu ukatoka, maji yakatupiga wote. Nikakimbia na kanga usoni, nikajigonga mlangoni. Bibi kule sebuleni: heshima leo imeoga!

Ningeenda kufunga mita, lakini mita iko getini, na getini honi inalia. Wamefika! Nitatokaje hivi? Nasikia Baba Leonia anakaribisha. Nasikia Leonia na vitunguu vyake. Na sauti ya mama mmoja, nene, anaomba pa kunawa. Mungu wangu. Anakwenda. Kafungua mlango wa kule kwenye sinki.

— Masanja! Hata hujaoa, wameshakulowesha?

Hakuna anayecheka. Maji nayo siyasikii tena.

Nachana kipande cha karatasi nikipitishe chini ya mlango. Leonia mwanangu, nani kafunga maji? Kava imekaa? Mama yake Masanja uso ukoje? Niandikie nyuma ya hapa hapa, upesi, kabla sijavaa kanga mpya bure.