Mwisho wa Filamu Niliokutungia

Mpendwa kaka,

Nimeandika neno hilo la kwanza nikasita, maana maishani hatukuwahi kuitana hivyo. Mimi nilikuita Mwalimu, kama kila mtu hapa kambini Nakivale, na wewe uliniita Kelele, kwa sababu ya kazi yangu. Kama ungeweza kunijibu, najua ungeanza kwa kunisahihisha mwandiko. Sasa nisikilize mara hii moja bila kalamu nyekundu. Ile filamu ya Kitamil uliyoipenda, ya mwalimu aliyebadilisha chuo, haikuisha vile ulivyoona. Mwisho ule niliutunga mimi. Na kama ningekuambia mapema, nadhani ungekuwa hai.

Naandika wazi ili na wengine wasome, kwa hiyo nieleze kazi yangu kwa wasioijua. Nina banda la video. Watu wanakaa kwenye mabenchi kutazama filamu ya lugha ambayo hakuna anayeijua, na mimi nasimama kando ya televisheni na maikrofoni, nawasemea wale wa ndani kwa Kiswahili chetu cha Kongo. Kitamil sijui hata neno la kuomba maji. Naangalia nyuso. Mtu akikunja uso nampa hasira za wanaume wa kwetu Uvira, mama mkwe akiingia nampa maneno ya jirani yetu unayemjua, na watu wanacheka hadi benchi linalia. Wewe ulikuwa unaniambia hiyo si kutafsiri, ni kusema uongo kwa sauti kubwa. Ulikuwa unatania, na mimi nilikuwa nacheka.

Banda lina sheria moja, ambayo hata wewe sikukuambia. Zamani nilionyesha filamu iliyoisha kwa mazishi ya mama. Wanawake walisimama wote kwa pamoja, na mmoja wao akanijia kidole kikiwa machoni kwangu. "We Kelele, kulia tuko nako mingi kwa nyumba. Huku tulikuja kupumuzika." Alikuwa na haki. Tangu siku hiyo, filamu ikianza kuelekea kwenye machozi, naikata, narudisha nyuma hadi kwenye harusi au sherehe iliyopita, na naionyesha tena kama ndiyo mwisho. Nimewafufua mabwana harusi wengi sana kwa rimoti. Watu wanaona nguo ni zile zile, wimbo ni ule ule, wala hawaulizi, kwa sababu wanataka kwenda nyumbani wakiwa wepesi.

Ndivyo nilivyofanya kwa filamu yako. Mwalimu mwembamba mwenye miwani anafika kwenye chuo kikubwa ambako walimu wanasoma daftari za zamani na wanafunzi wananakili. Anazifunga daftari, anawatoa vijana nje, anawauliza wao wanaona nini. Mwaka unaisha, wanamvika mashada ya maua getini. Hapo ndipo nilipokuwa nawarudisha watu mwishoni. Baada ya mashada mambo yanaharibika. Wenye chuo wanamgeuka, wanafunzi wanatia sahihi barua ya kumkataa, anafukuzwa, anasimama nje ya geti akingoja wamfuate. Mimi nilikuwa nakata hapo hapo getini, na kinachofuata hukukiona wewe wala mtu mwingine yeyote, kwa sababu geti la mashada na geti la kungojea ni moja, na mshono hauonekani. Nikapaza sauti: "Alisimama siku kumi na mbili, na siku ya kumi na mbili banafunzi bote bakatoka kumuchukua!" Halafu nikarudisha mashada.

Hiyo kumi na mbili niliitoa kichwani tu, kaka. Ingeweza kuwa tano.

Ulikuja Jumamosi tatu mfululizo kutoka Mbarara, ulikokuwa unafundisha chuo cha kilimo. Mara ya kwanza ulikaa nyuma na mikono umeikunja, kama mtu aliyeletwa kwa nguvu. Mara ya pili ulikaa benchi la mbele na karatasi magotini, ukiandika. Mara ya tatu nilikuona unafuta macho na kola ya shati, nikajisifu moyoni. Nilijua nimefanya kazi nzuri. Baadaye tulikaa nje ya banda, ukaniambia, "Kelele, mi nimesomea batoto ile kaye moja myaka yote. Bananakili, habawaze. Tangu Uvira."

Nilikumbuka Kabazana. Siku ile tulipofika kwenye kituo cha kupokelea wakimbizi, watu hawana sahani wala blanketi, wewe ulikusanya watoto kwenye kona ya hema ukaanza kuwasomea somo la udongo kwa kichwa, kwa sababu kaye yenyewe, daftari lako la masomo, ilibaki kule Uvira. "Udongo ni tabaka la juu la ardhi. Nukta." Walikuwa hawana kalamu, wakawa wanarudia kwa midomo. Nilikucheka sana. Mama yetu alikuwa amezikwa njiani siku sita kabla ya hapo, na hiyo ndiyo mara ya kwanza nilipocheka. Sikukushukuru kamwe kwa hilo, basi nakushukuru sasa.

Uliporudi chuoni, kule Mbarara upande wa Ruti, baada ya Jumamosi ya tatu, ulianza. Nilizisikia habari zako kwa simu kila jioni na nilizifurahia kama za mpira. Uliifungia sandukuni ile kaye uliyoiandika upya huku. Ukawachukua wanafunzi wako wa kilimo hadi Masha, ukawachimbisha shimo la kimo cha mtu kwenye shamba la ndizi ili waone udongo unavyopangana, na wachunga ng'ombe wakaja kuuliza nani amekufa. Uliniambia kuna msichana aliyeonja udongo kwa ulimi na kutaja kinachokosekana, na ulivyosema hayo sauti yako ilikuwa ya kijana wa miaka ishirini. Nilijivunia wewe. Hilo nalo ni kweli, sitaki lipotee kati ya mabaya.

Kisha ukaja mtihani wa mwisho wa muhula. Badala ya maswali yaliyozoeleka, ukampa kila mmoja kopo la udongo na karatasi tupu: sema huu utabeba zao gani, na kwa nini. Zaidi ya nusu walishindwa. Walikuwa wamekariri usiku na mchana, masikini, na kopo halina mahali pa kumwaga ulichokariri. Wazazi wakaja juu. Mkubwa wa chuo akakuita akakuambia kwamba chuo hakilimi, chuo kinafaulisha. Siku mbili baadaye akakuwekea mezani barua ya kukukataa yenye sahihi za wanafunzi wako, na ya yule msichana aliyeonja udongo ilikuwemo. Uliniambia kwa simu bila kulia. Ulisema tu, "Sasa ni sehemu ya geti."

Sikuelewa. Naapa siku hiyo sikuelewa, nilidhani unasema watakutoa getini. Nilielewa Shemeji, mkeo, aliponipigia, wiki iliyofuata. Alisema kila asubuhi unavaa koti, unachukua mkoba, unaenda kusimama nje ya chuo mpaka jioni, na ukiulizwa unajibu kwamba unahesabu.

Nilikuja siku ya nane. Nilikukuta umesimama ng'ambo ya barabara ukiwa umeliangalia geti, viatu vimepigwa brashi, koti la kijivu limefungwa vifungo vyote. Askari wa geti, Mnyankore mmoja mzee, mwenyeji wa huko, alinivuta pembeni kabla sijakufikia. "Sebo, bwana, huyu ni ndugu yako? Peleka yeye nyumbani. Mimi nahurumia yeye, lakini mukubwa alisema hapana ingia. Na hawa watoto hapana toka. Mimi najua wao." Nilimwambia nimekuja kwa ajili hiyo hiyo. Na ndivyo ilivyokuwa, kaka. Njia nzima kutoka Nakivale nilikuwa nimejipangia maneno: filamu haikuisha vile, nisamehe, twende nyumbani.

Ukanishika mkono kwa furaha. Ulikuwa umekonda na macho yamekuwa mekundu. Wanafunzi walikuwa wanaingia, wakikukwepa kwa macho, wengine wakijifanya wanasoma simu. Kijana mmoja akakusalimu haraka haraka na kupita. Ukanigusa kwa kiwiko. "Umeona? Banaanza." Nikasema ndiyo. Kisha ukaniuliza, kwa ule uzito wako wa kuuliza mambo ya darasani: "Yule mwalimu, siku ya nane, alikuwa anawaza nini?"

Hapo ndipo ilipokuwa nafasi yangu. Mtu hapewi nafasi iliyo wazi kuliko hiyo. Nilifungua kinywa, na kilichotoka kikawa sauti ya banda. Nikakujibu, "Alikuwa anawaza batoto bake. Alijua batakuja." Uliitikia kwa kichwa polepole, umeridhika, ukasema zimebaki nne.

Siku ya tisa ulianguka. Askari yule ndiye aliyekuokota, akanipigia kwa simu yako. Daktari alisema ni presha, ilikuwa imepanda siku nyingi na ulisimama juani ukiwa hujala. Ulilala hospitali pale Mbarara siku mbili, upande mmoja wa mdomo umekufa, na ukawa unanitazama. Nimejaribu kuusoma uso wako kama ninavyosoma nyuso za kwenye televisheni. Nashindwa. Hiyo ndiyo kazi ninayoijua na kwako ilinigomea.

Tulikuzika huku kambini. Wakongomani walikuja, Warundi wa mtaa wa chini walikuja na padri wao, hata askari wa geti alikuja, akiwa amepanda gari mbili. Wanafunzi hawakuja. Nasikia walikuwa na mtihani, ule wa maswali ya kawaida.

Siku ya kumaliza matanga, Shemeji akanifuata nilipokuwa nasogeza mabenchi. Hakuwa analia tena, alikuwa amefikia pale ambapo mtu anafanya tu mambo. Akasema, "Mwalimu alipenda ile filamu sana. Utuonyeshe, batu bajue ni mutu gani tumezika." Watu wakaitikia. Nikaiweka.

Nilisema maneno yote ya mwanzo kama kawaida, na watu walicheka mahali pa kucheka, na baadhi wakasema huyo kweli ni Mwalimu wetu. Tulipofika kwenye geti, kidole changu kilikwenda chenyewe kwenye rimoti. Kaka, nilikitazama kile kidole. Nikaiweka rimoti chini ya benchi, nikaiacha filamu iende.

Wanafunzi wakampita yule mwalimu. Hakuna aliyetoka. Siku zikapita, geti likafungwa, yeye akaondoka peke yake. Halafu miaka imepita, amezeeka, anauza vitabu chakavu kando ya reli. Anakuja mtu mzima mwenye tai, mmoja wa wale waliotia sahihi, anainama, anachagua kitabu, anaondoka bila kumtambua. Hapo maandishi yakaanza kupanda. Sikutafsiri lolote, maikrofoni ilikuwa mkononi imezimwa. Hakuna aliyesimama, hakuna aliyenilaumu kwa machozi. Nilimsikia tu mzee mmoja akikohoa.

Shemeji alibaki amekaa watu walipotoka. Alikuwa anaangalia televisheni ambayo tayari ilikuwa nyeusi. Kisha akanigeukia. Hakupaza sauti.

"Kumbe ulijua."

Akambeba mwanao Furaha aliyekuwa amesinzia, akaenda. Tangu hapo tukikutana kwenye bomba la maji ananisalimu kama anavyomsalimu mtu yeyote. Simlaumu. Banda nimelifunga, ingawa watu wananibembeleza kila siku na wananiambia kosa si langu, kwamba mwalimu mzima anapaswa kujua filamu ni filamu. Wanasema vizuri. Lakini wewe hukuiamini filamu, uliniamini mimi.

Nimeandika barua hii mara tatu, na mara zote tatu niliruka kitu kimoja. Sasa nakiandika. Pale getini, baada ya kuniambia zimebaki nne, mawingu yalikuwa yameshuka na wewe huna mwavuli, na nilijua kabisa kwamba nikikaa nusu saa zaidi nitakuambia. Niliangalia saa. Nikakuaga, nikapanda gari nikarudi Nakivale, kwa sababu saa tisa nilikuwa na watu bandani.

Pumzika, Mwalimu. Usiwangoje tena.

Mdogo wako