Jibu kwa Kapteni Wangu Aliye Mbali

Marahaba, mwanangu Kabula,

Shikamoo yako niliisikia kabla mtandao haujakata, na swali lako nalo nililisikia. Hospitali ya jeshi huko kwa walinda amani inataka uongeze mwaka, nawe unataka neno langu. Nakujibu kwa barua ya wazi, isomwe na kila mama wa Mwanza mwenye mtoto jeshini. Na wasio naye wasome pia, wajue wamekosa nini.

Mimi niliishia darasa la saba, lakini nimezaa kapteni, tena daktari. Nilipomwambia hivyo jirani yetu Mama Kulwa, akaniuliza kama mitihani niliifanya mimi. Nikamuuliza, na ugali wa kufanyia mitihani ulipikwa na nani?

Unakumbuka tulivyokuwa tukimenya viazi kwa babu yako kule Usagara, naye akisimulia? Vita vya Kagera alikwenda kama tabibu wa kikosi, na utabibu wenyewe ulikuwa mkasi, chumvi na maji ya kuchemsha kwenye debe. Machela ikikosekana, walifunga shuka kwenye miti miwili. Majeruhi akianza kusinzia, babu alimwambia ataje ng'ombe wa kwao, mmoja mmoja, kwa rangi zao. Akichanganya, huyo ndiye anayewahishwa kwanza. Sasa kijana mmoja wa pwani akasema kwao hawafugi. Babu akamwambia, "Basi taja samaki."

Ulicheka mpaka kisu kikakudondoka. Halafu, wewe peke yako kati ya wajukuu wote, ukauliza, "Babu, huyo wa samaki alipona?"

Babu akasema alipona. Siku ile nilijua nimezaa nini.

Leo babu hayupo, nawe unapasua watu ndani ya hema lenye taa na jokofu la damu. Picha zako nimewaonyesha hata abiria wa kivuko cha Kamanga nisiowajua. Na mwenzako aliyekuja likizo alinieleza kuwa majeruhi wako nao unawatajisha ng'ombe. Nilijifanya nakwenda kuangalia chai, nikalia jikoni.

Lakini Kabula, kuna jambo babu hakulisimulia. Vita vilipoisha hakurudi na wenzake. Alibaki hospitalini na majeruhi, maana hawakuwa na mwingine. Alipokuja nyumbani, mimi bintiye nilikuwa mdogo sana, nikajificha nyuma ya mama yangu, nikauliza huyu mgeni anaondoka lini. Alisikia. Aliponya vidonda vya watu wengi, mwanangu, lakini hicho alizeeka nacho.

Mwanao Limi hajambo, anakula vizuri, ana maneno mengi kama mimi. Juzi ameanza kuniita mama. Nikamwambia mimi ni bibi, mama yako ni yule wa kwenye simu. Akanitazama kama aliyekosea ni mimi.

Basi usiongeze mwaka. Nitaona haya kidogo kwa Mama Kulwa, maana nilishamwambia kwamba huko hawapati usingizi bila wewe. Yatapita. Nimechoka kukusifia kwa picha. Njoo nikusifie ukiwa umekaa hapa Butimba, mtoto kakulalia mapajani, unaona aibu mbele ya wageni, unaniambia, "Mama, inatosha."

Ni mimi mama yako, mzaa kapteni.