Mbegu ya Marehemu Imebaki ya Chungu Kimoja

Shikamoo mshauri, na kama mimi ndiye mkubwa basi nisamehe, maandishi yako gazetini hayasemi umri. Mimi ni mjane wa Viwanja Sitini hapa Ifakara, naomba unisaidie kabla sijajisaidia vibaya.

Mshauri, mimi nakula msimu. Najua umeshtuka. Huku bondeni kila mtu ametishwa na jambo hilo tangu utotoni, kwamba ukichukua mbegu ya mpunga aliyoivuna marehemu kwa mkono wake, ukaitwanga, ukaipika bila chumvi na kuila peke yako, unarudi kwenye msimu ule ilipovunwa, na jua la huko likizama unarudishwa huku. Mume wangu Viktor alipofariki mbegu yake ilikuwa kwenye kibuyu inaning'inia juu ya jiko, ile supa yake, mpunga wa kunukia aliokuwa akiringia, na desturi ni kwamba siku ya kuanua matanga mbegu ya marehemu inagawiwa waombolezaji wakaipande, lakini mvua ilikuwa kubwa, barabara imekatika, watu walikuja wachache na wote wana haraka, hakuna aliyeiulizia, nami nikaiacha palepale.

Basi siku moja nikapika. Nikajikuta shambani na kanga yangu ya zamani, Viktor yuko juu ya dungu la kulindia ndege na kombeo mkononi, anawafokea kwelea kama vile wanajua Kiswahili, akaniona akasema, "Mama Agnella, mbona unaniangalia kama mgeni? Hebu lete maji." Nikampelekea maji, nikakaa pembeni yake mpaka jua likazama, hilo tu mshauri, na nilifurahi mpaka nikaogopa. Niliporudi, mahindi niliyoyaacha machanga uani yalikuwa yamekauka. Alasiri moja ya kule ilikuwa imekula miezi ya huku. Nikaapa sirudii, nikarudia, na kila nikirudia huku kunapita muda mrefu zaidi, jirani amehama, mbwa amekufa, kwenye jumuiya ya kanisani wameshaacha hata kuniulizia.

Mara hii ya mwisho nilikuta mlango uko wazi na binti mdogo anafagia. Akaniamkia kwa adabu, "Shikamoo bibi. Mwenye nyumba hayupo, alipotea. Mama ameenda tena parokiani kumuulizia." Mshauri, yule ni mjukuu wangu Brigitha. Nilimwacha anatambaa. Mama yake ni mwanangu wa pekee, Agnella, aliyeolewa Kidatu na mfanyakazi wa mashamba ya miwa, kumbe miaka yote hiyo alikuwa anakuja kila likizo kunitafuta. Aliponiona alilia mpaka akakaa chini. Nikamdanganya nilikuwa Mahenge kwa ndugu nauguzwa, akanyamaza, akasema tu Brigitha anapata komunyo ya kwanza Pasaka hii, nisikose.

Sasa wamerudi Kidatu na nyumba iko kimya. Mbegu imebaki ya chungu kimoja, na wote tunajua kwamba anayemaliza mbegu harudi. Nimechoka kuwa mgeni huku wakati kule kuna mtu ananiita Mama Agnella. Moto nimeshauwasha na kuuzima mara nyingi. Nipike, au nisipike?

Mjane, Viwanja Sitini

Marahaba mama. Zima moto kwanza, halafu tuongee.

Upweke wako nimeusikia na sitaudharau. Nyumba iliyozoea watu wawili ikibaki na mmoja inatesa. Lakini nitakugombeza, na nadhani ndicho ulichokuja kutafuta, maana aliyeshaamua haandiki gazetini.

Unataka kumfuata mtu anayekuita Mama Agnella. Haya, na Agnella mwenyewe yuko wapi? Yuko huku. Amekutafuta miaka yote, anafungua nyumba yako, anafagia, anaulizia hadi parokiani, na watu bila shaka wanamwambia akubali umeshakufa. Halafu wewe unaniambia watu wameacha kukuulizia! Walikuja, mama, hukuwepo.

Na huyo Viktor mwache apumzike. Hajui kama amekufa. Utakaa naye ukimficha mpaka lini? Alasiri ile haifiki kesho yake. Ukila chungu hicho, Agnella ataanza kukutafuta upya, na safari hii hatapata hata kaburi. Wewe umefiwa, lakini ulizika. Usimfanyie hivyo mwanao.

Unasema mbegu hakuna aliyeiulizia. Nani anamwomba mbegu mjane anayelia? Mbegu inapelekwa, mama! Desturi ile wazee waliiweka kwa ajili yako wewe uliyebaki, usije ukaachwa peke yako na kibuyu.

Kwa hiyo leo hii, kabla hujapata kisingizio, kishushe hicho kibuyu. Konzi moja mpelekee jirani yeyote uliye naye sasa, hata kama humjui jina, mwambie, "Ni mbegu ya matanga ya mume wangu, imechelewa." Konzi nyingine peleka jumuiya, na wakikuuliza ulikuwa wapi, waambie. Inayobaki ifunge kwenye kitambaa, kisha upande basi la Kidatu, usingoje Pasaka. Mweleze Agnella ukweli wote. Hiyo Mahenge yako hakuiamini, alinyamaza kwa kuogopa usiondoke tena. Ipandeni pamoja, hata kama ni kijaruba kimoja nyuma ya nyumba. Huenda isiote, imekaa sana. Ipandeni hivyo hivyo.

Brigitha atakuamkia kwa adabu kama anavyomwamkia mgeni yeyote, na itakuuma sana. Usikimbie. Msuke nywele, chambueni mchele, mkatalie anayoyataka, mtume dukani akiwa hataki. Siku atakapokununia, ujue umeshakuwa bibi yake.