Kaunta Iliyonifika Viwikoni

Nyumba ya kona, ghorofa ya pili,
Nyuma ya Posta.
Jumapili, tarehe 9 Machi.

Mpendwa mwanangu Twiga,

Pokea salamu za mama yako mdogo, tena nyingi. U hali gani huko? Baridi imepungua, au bado unalala na soksi? Kile kikohozi kimekwisha? Usinijibu "nzuri tu" kama kawaida yako. Nataka kujua unakula nini na unalala saa ngapi. Sisi huku wazima. Goti langu linauma nikipanda ngazi na haliumi nikishuka, jambo ambalo daktari ameshindwa kunieleza. Baba yako amenenepa kidogo na anakanusha.

Sasa ile kazi uliyonituma. Barua yako niliisoma mara mbili, ya pili nikiwa na kalamu nyekundu mkononi, maana ualimu umegoma kustaafu pamoja nami. Unauliza kwa nini kila kitu katika maktaba yetu kiko chini kuliko kawaida: kaunta, madirisha, rafu, hata swichi za taa. Unasema sura nzima ya tasnifu yako imesimama juu ya swali hilo. Yule profesa mwenye kitabu kinene ameshaandika kwamba ni makosa, kwamba mafundi waliisoma vibaya michoro ya msanifu, na ule mbonyeo ulio katikati ya ukingo wa kaunta yeye anauita madoido. Usipopata jibu lako, itabidi umfuate yeye.

Halafu mwishoni kabisa, kwa maandishi madogo kama ya mtu anayenong'ona, ukaongeza kwamba umepekua makaratasi yote ya ofisi ya huyo msanifu na jina la mama yako hukuliona hata mara moja, wakati alikuwa karani wao wa taipu mpaka karibu na siku ya kukuzaa. Sentensi hiyo ndiyo iliyonifanya nivae viatu. Dada alipotutoka ulikuwa hujajua hata kufunga kamba za viatu vyako, na najua hukuuchagua ujenzi wa kisasa kwa sababu ya kupenda zege.

Nilikwenda Jumanne. Nimepita mbele ya jengo lile tangu nikiwa msichana, na sikuwahi kuliangalia sawasawa: lile paa bapa, zile nguzo nyembamba, kile kivuli kirefu mlangoni. Nilikuwa na nadharia yangu tayari. Nilijiambia, hapa sakafu imeongezwa. Watu wamemwaga zege jipya juu ya lile la zamani, kwa hiyo kila kitu kimeonekana kushuka. Nikapiga magoti mlangoni, nikafunua zulia, nikaanza kukagua kizingiti. Mlinzi akaja mbio.

"Mama, umepoteza nini?"

"Sentimita kumi," nikamwambia.

Akanitafutia chini ya viti vyote, maskini. Sakafu ilikuwa ile ile ya mwanzo, na nadharia yangu ikafia pale pale kwenye zulia.

Nikaenda kaunta kujiandikisha ili angalau nisionekane kichaa. Nilipomaliza kuandika nikagundua kwamba viwiko vyangu vimelala juu ya kaunta, vimetulia. Wewe unayajua maisha yangu. Nimefundisha nikiwa juu ya boksi ubaoni. Benki wananiona nywele tu. Jikoni kwangu kuna kigoda, bafuni kuna kigoda. Sasa hapa nimesimama kwa nyayo zote mbili na viwiko vimefika!

Nikaketi dirishani, nikaona barabara yote bila kunyoosha shingo. Nikatoa kitabu rafu ya juu kabisa bila kusimama kwa vidole. Nikazima taa, nikawasha, nikazima tena, mpaka msomaji mmoja akaguna. Jengo zima lilinikaa kama gauni langu mwenyewe. Na nilipofika hapo kwenye gauni, nikakumbuka kwamba magauni yangu yote ya ujana niligawana na mama yako. Aliyewahi kuamka ndiye aliyevaa zuri.

Sikutaka kujidanganya, kwa hiyo nikaenda kwa yule mchora ramani wa zamani wa ofisi ya msanifu, uliyesema amekataa kujibu barua zako. Hakukataa, mwanangu, macho ndiyo yamekataa. Bado anakaa kule kule ulikonielekeza, karibu na kituo cha mafuta, na barua zako amezipanga vizuri juu ya redio akisubiri mtu wa kumsomea. Nilimsomea zote. Kisha nikamuuliza habari za kaunta, na dada sikumtaja kabisa. Miaka yote nimewaadhibu wanafunzi kwa kunong'onezana majibu, nisingeanza mimi uzeeni.

"Bosi alikuwa hachori kaunta hivi hivi," akasema. "Tunapanga maboksi kwanza pale ofisini, mtu anasimama, anaegemea, tunaongeza, tunapunguza. Na mtu mwenyewe alikuwa yule yule, karani wetu wa taipu. Mfupi, halafu mkali! Ukimwita anakuja anagomba, barua zenu atazipiga nani? Lakini akishasimama pale, haondoki mpaka limekaa sawa."

Nikamuuliza kwa nini yeye na si mwingine.

"Bosi alisema mrefu anaweza kuinama. Huyu atafanya nini?"

Nikamwomba jina la huyo karani. Akalitaja la mama yako, na la babu yako juu yake. Nililia, Twiga, nililia mbele ya mtu nisiyemjua na sikuona haya hata kidogo. Profesa wako, kwa taarifa yako, hakuwahi kubisha hodi pale.

Najua msimamizi wako hatakubali neno la mama mdogo peke yake, na asikubali. Mzee amekubali kurekodiwa. Jumamosi nitakuwa kwake na simu. Piga, umuulize mwenyewe, tena usimtilie majibu mdomoni. Na mimi nina maswali yangu ambayo hayanipi usingizi. Katika majengo mengine ya yule msanifu, alimsimamisha nani? Zile ngazi za hospitali ambazo goti langu halizilalamikii, ni miguu ya nani ile? Hebu tafuta, halafu uniambie.

Bibi yako anakusalimu na anauliza utarudi lini, swali ambalo nimeacha kulijibu. Mjomba wako Kinyozi anasema usikate nywele huko, watakuharibu. Baba yako anakusalimu kwa namna yake, kama utakavyoona hapa chini. Wasalimie wenzako wote unaokaa nao. Mungu akulinde, akupe afya na ulimi mwepesi siku ya kuitetea tasnifu yako.

Nimebakiza jambo moja. Nilipokuwa naaga, nilimuuliza mzee kuhusu yale madoido, ule mbonyeo wa katikati ya kaunta. Akacheka. Alisema siku walipopanga maboksi ya maktaba, karani alikuwa na mimba kubwa, tumbo likagonga kaunta na mikono haikufika. Wenzake wakataka aitwe mtu mwingine. Bosi akakataa, akachukua chaki, akachora kwenye boksi kuzunguka lile tumbo, akasema wakate hapo.

Jana nilimpeleka baba yako. Aliweka kiganja chake ndani ya ule mbonyeo na hakukiondoa mpaka mlinzi alipoanza kufunga madirisha. Ukija, mwanangu, itabidi uiname kidogo, maana urefu uliuchukua kwa baba yako. Lakini pale katikati hakuna kosa la fundi wala madoido. Pale alisimama mama yako, na aliyekuwa mbele yake ni wewe.

Akupendaye bila kupungua,
Mama yako Mdogo